Habari za Mwalimu wa Biharamulo Aliyepata Kuwa Rais

Hapo zamani katika nchi za Biharamulo na Ngara utawala ulikuwa jambo la ukoo. Bugufi, Bushubi na Uzinza, kila nchi ilikuwa na mwami wake au mtemi wake, na mtoto wa mkulima au wa mchungaji hakupata kuwaza kwamba siku moja ataketi mahali pa kuamua mambo ya watu. Wadachi walipojenga boma lao Biharamulo, na Waingereza walipowafuata, hawakuigeuza sana desturi hiyo, maana walitawala kwa kuwatumia watemi wale wale. Mtoto wa mtu wa kawaida alifunguliwa mlango mmoja tu, nao ulikuwa mlango wa shule. Mapadre na makasisi walihitaji watu wa kuwasaidia kufundisha katekisimu na herufi, wakawatafuta vijana wenye akili bila kuuliza sana habari za babu zao. Kijana aliyejua kusoma akafanywa mwalimu. Watu wakamletea barua awasomee, wakamwita kuandika madai yao ya mashamba na ng'ombe, wakamweka mbele mgeni wa serikali alipofika. Huyo ndiye mtu wa kwanza kijijini ambaye heshima yake haikutoka kwa wazee wake waliokufa.

Basi mwaka 1963 sheria ilipouondoa utemi katika Tanganyika, walimu walikuwa wamekwisha kujizoeza kusema mbele ya watu na kuandika mambo ya watu. Si ajabu kwamba wengi wao waliingia katika siasa. Tukihesabu marais watano wa kwanza wa Tanzania, twaona watatu wao walipata kushika chaki. Julius Nyerere alifundisha Tabora na Pugu mpaka mwaka 1955, alipotakiwa kuchagua kati ya shule na siasa. Ali Hassan Mwinyi alifundisha Unguja. Wa tatu alitoka Biharamulo, nasi twataka kuandika habari zake hapa. Wengi wamekwisha kumsifu na wengi wamekwisha kumlaumu. Sisi twapenda kutazama jambo moja: mwalimu akitoka darasani akaingia katika baraza la nchi, huchukua nini mkononi, na vitu hivyo hufaa kwa kadiri gani?

John Pombe Joseph Magufuli alizaliwa tarehe 29 Oktoba 1959 huko Chato, kando ya Ziwa Viktoria. Siku hizo Chato ilikuwa sehemu ya wilaya ya Biharamulo. Haikuwa wilaya ya peke yake mpaka mwaka 2005, na mwaka 2012 ikatiwa katika mkoa mpya wa Geita. Kwa hiyo msomaji asishangae tukimwita mtu wa Biharamulo, kwa maana alizaliwa, akasoma na kuchaguliwa mara ya kwanza chini ya jina hilo. Mwenyewe alikuwa akisimulia kwamba nyumba ya kwao iliezekwa kwa nyasi, na kwamba katika utoto wake alichunga ng'ombe, akatembeza maziwa na samaki ili kusaidia nyumbani.

Aliingia shule ya msingi Chato mwaka 1967, mwaka ule ule wa Azimio la Arusha na wa Elimu ya Kujitegemea. Mwaka 1975 akaenda katika seminari ya Katoke, Biharamulo, katika jimbo la Rulenge. Jimbo hilo lilipata jina la Rulenge mwaka 1960, na siku hizi huitwa Rulenge-Ngara. Wasomaji wetu hawahitaji kuelezwa maisha ya seminari yalivyo: kengele ya alfajiri, sala, kimya, kazi ya mikono, na hesabu ya kila dakika. Mwaka 1977 aliondoka Katoke, akamaliza kidato cha nne Mwanza, kisha akaenda Mkwawa, Iringa, kwa masomo ya juu. Alipokwisha kidato cha sita alibaki hapo hapo Mkwawa kujifunza ualimu, na masomo aliyoyachagua ni kemia na hesabu. Mwaka 1982 akapelekwa Sengerema kufundisha shule ya sekondari.

Yatupasa kusema kweli kwamba ualimu wake wa darasani haukuwa wa miaka mingi. Baada ya kama mwaka mmoja aliitwa katika Jeshi la Kujenga Taifa, kisha akaingia Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, akatoka mwaka 1988 na shahada ya sayansi pamoja na elimu. Toka mwaka 1989 alifanya kazi ya mkemia katika chama cha ushirika cha Nyanza, Mwanza. Baadaye sana, hali ni waziri, alipata shahada ya udaktari katika kemia kwa kuchunguza jinsi mafuta ya maganda ya korosho yanavyoweza kuzuia kutu. Lakini ualimu haupimwi kwa miaka peke yake. Mtu aliyelelewa na walimu wa seminari, akajifunza ualimu mara mbili, akaoa mwalimu wa shule ya msingi, huyo amekwisha kutiwa rangi ya ualimu, hata akiliacha darasa mapema.

Mwaka 1995 ulikuwa wa uchaguzi wa kwanza wa vyama vingi tangu nchi iliporudia vyama vingi mwaka 1992. Magufuli alisimama kwa chama cha CCM katika jimbo la Biharamulo Mashariki, akashinda, na mara akafanywa naibu wa waziri wa ujenzi. Mwaka 2000 akawa waziri kamili wa wizara hiyo. Baadaye alipewa ardhi, kisha mifugo na uvuvi, na mwaka 2010 akarudishwa katika ujenzi. Hapo ndipo watu walipomwona mwalimu wa hesabu. Alisimama bungeni akataja barabara moja moja, urefu wake kwa kilomita, fedha zake na jina la mjenzi wake, bila kutazama karatasi, kama mwalimu asemaye jedwali la kuzidisha. Mwaka 2009, alipokuwa waziri wa uvuvi, meli ya kigeni iitwayo Tawariq 1 ilikamatwa ikivua bila ruhusa katika bahari yetu. Shehena yake watu waliiita samaki wa Magufuli, na jina likabaki.

Watu wa mkoa wa Kagera waliliona tunda la kazi hiyo kwa macho yao. Mzee wa Biharamulo akumbukaye safari ya Mwanza katika miaka ya nyuma hukumbuka vumbi, matope, na gari lililolala njiani. Leo lami yapita Geita na Chato mpaka Biharamulo. Mwalimu kijana atokaye Mwanza kwenda Sengerema ilimlazimu zamani kungoja kivuko cha Kigongo ili avuke kwenda Busisi. Jiwe la msingi la daraja la mahali hapo liliwekwa Desemba 2019, na daraja lenyewe, la urefu wa kilomita tatu hivi, lilifunguliwa Juni 2025, wakati aliyelianzisha amekwisha kufa. Limepewa jina lake.

Mwaka 2015 alichaguliwa kuwa Rais kwa kura 58 katika kila 100, akaapishwa tarehe 5 Novemba. Siku iliyofuata alikwenda kwa miguu mpaka Wizara ya Fedha, akaingia pasipo kutangulizwa na taarifa, akakuta viti vitupu, akauliza wenye viti wamekwenda wapi. Siku chache baadaye akafika hospitali ya Muhimbili vile vile, akaona wagonjwa waliolala chini, akamwondoa mkuu wake. Tarehe 9 Desemba, sikukuu ya Uhuru, alifuta gwaride na karamu, akaamuru watu wafagie miji yao.

Kila mwalimu ataijua desturi hii mara moja. Ni kuita majina. Mwalimu mkuu mwema haketi ofisini akaletewa habari kwamba darasa la tatu li salama. Huenda mwenyewe akachungulia dirishani. Magufuli aliita majina ya watumishi wa nchi nzima. Ikaonekana kwamba watu zaidi ya 10,000 walikuwa wakipokea mshahara hali hawapo, wengine wamekufa, wengine hawakuwako kamwe. Watu wakawaita watumishi hewa. Aprili 2017 akapokea orodha ya watumishi 9,932 walioonekana kuwa na vyeti vya kughushi, nao wakaondolewa kazini. Walimu na waganga walikuwa miongoni mwao, na shule nyingine zilipungukiwa watu mara moja. Lakini nani katika sisi angethubutu kusema mbele ya wanafunzi wake kwamba cheti cha uongo si kitu?

Tendo lake ambalo shule zetu hazitalisahau ni kuondoa ada. Toka Januari 2016 mtoto wa shule ya serikali hakutakiwa kulipa ada wala michango mpaka kidato cha nne. Watoto wa darasa la kwanza wakaja kwa wingi kuliko madawati. Ndipo Bunge likatoa shilingi bilioni 6 zilizobaki katika matumizi yake ili madawati yanunuliwe, na kila mkuu wa wilaya akahimizwa kutafuta mbao. Hata hivyo madarasa yalijaa na walimu hawakuongezeka kwa kadiri hiyo. Haya ni kweli, lakini ni kweli vile vile kwamba mtoto aliyekuwa akibaki kuchunga kwa sababu baba hana fedha, alipata kuingia mlangoni.

Kwa kuwa kurasa hizi ni za lugha na desturi, yafaa tuyatazame maneno yake. Alisema Kiswahili chepesi, na alipopita katika nchi za watu hupenda kuwasalimu kwa lugha yao. Agosti 2019, alipokuwa mwenyekiti wa jumuiya ya nchi za kusini mwa Afrika, SADC, Kiswahili kilikubaliwa kuwa lugha ya nne ya jumuiya hiyo. Na mwanzo wa mwaka 2021 sheria ikabadilishwa ili Kiswahili kiwe lugha ya mahakama. Ni jambo kubwa kwa mwanakijiji wa Ngara, ambaye zamani aliweza kushindwa kesi yake mwenyewe pasipo kufahamu hukumu iliyoandikwa.

Maneno mengine aliyatia roho mpya. Mnyonge lilikuwa neno la huruma na pengine la dharau. Yeye akalifanya jina la watu anaowatetea, na wengine wakajiita wanyonge bila haya. Kutumbua jipu likawa kumwondoa mtumishi mwovu, na mtu akifukuzwa kazi husemwa ametumbuliwa. Mfano huo ulipendwa sana, kwa maana kila mtu ajua uchungu wa jipu na nafuu ya kutokwa na usaha. Lakini wazee wetu walikuwa na desturi katika jambo hili. Jipu hungojewa mpaka liive, hukandwa kwa maji ya moto, ndipo hutumbuliwa. Likitumbuliwa bichi, ubaya huingia ndani. Mtumishi aliyeondolewa kwa neno moja mbele ya mkutano, pasipo kuulizwa na pasipo kujibu, huenda alikuwa mwovu kweli, na huenda hakuwa. Watu walishangilia, lakini haki haikupata nafasi ya kuiva.

Hapa twafika mahali pagumu. Chombo cha tatu cha mwalimu wa zamani kilikuwa fimbo, nasi sote twajua hivyo. Oktoba 2019 mkuu wa mkoa wa Mbeya aliwachapa viboko wanafunzi wa sekondari baada ya mabweni yao kuungua. Rais alimsifu kwa kazi hiyo. Juni 2017 alisema kwamba muda wote wa utawala wake msichana apataye mimba hatarudi katika shule ya serikali. Desturi ya kuwafukuza wasichana hao ilikuwako kabla yake, lakini neno lake liliifunga kwa kufuli. Walimu wa misheni wanajua sana habari za wasichana hao. Wengi hawakutenda kosa ila walitendwa, na aliyewatenda mara nyingi hubaki anatembea. Zuio hilo liliondolewa Novemba 2021, baada ya kufa kwake. Miaka minne ni midogo katika historia ya nchi, lakini katika maisha ya msichana wa miaka kumi na mitano yatosha kuufunga mlango wa shule maisha yake yote.

Ukali huo huo ulitumika kwa watu wazima. Toka mwaka 2016 mikutano ya hadhara ya vyama vya upinzani ilizuiwa, wala haikuruhusiwa tena mpaka Januari 2023. Magazeti kadhaa yalifungiwa. Januari 2017, alipokwenda Bukoba baada ya tetemeko la Septemba 2016, aliwaambia watu kwamba serikali haitawajengea nyumba zao. Katika uchaguzi wa 2020 alihesabiwa kura 84 katika kila 100, na wapinzani walikataa hesabu hiyo. Waswahili husema, samaki mkunje angali mbichi. Methali hiyo ni ya malezi, nayo yasema habari za mtoto. Raia si samaki mbichi. Ni mtu mzima aliyemweka mtawala mahali pake, naye ana haki ya kumwuliza.

Ngara nayo ilimwona akiwa mkali na mwema pamoja. Tarehe 6 Aprili 2016 alifungua daraja jipya la Rusumo pamoja na Rais wa Rwanda, mahali pale pale ambapo mwishoni mwa Aprili 1994 watu kama robo ya milioni walivuka kwa siku moja wakikimbia mauaji, wakapokewa Benaco. Tarehe 20 Julai 2017 alimkaribisha Ngara Rais Pierre Nkurunziza wa Burundi, akawahimiza wakimbizi wa Kirundi warudi kwao kwa kuwa nchi yao imetulia. Wenyeji wa Ngara walijua kwamba mambo si mepesi hivyo. Bugufi ilikuwa nchi ya Burundi kabla ya mipaka ya Wazungu, na ndugu wako pande zote mbili. Mtu hakimbii shamba lake kwa furaha, wala harudi kwa kuhimizwa tu.

Kuhusu Chato, watu walinong'ona methali nyingine, kwamba mwamba ngoma ngozi huivutia kwake. Mji mdogo ulipata uwanja mkubwa wa ndege, na hospitali kubwa ikaanza kujengwa. Wengine walisema kwamba ni haki ya nchi iliyosahauliwa siku nyingi. Wengine waliuliza kwa nini Ngara na Biharamulo yenyewe, zilizosahauliwa vile vile, hazikukumbukwa sawa.

Mwisho wake unaufundisha moyo kuliko yote yaliyotangulia. Ugonjwa wa korona ulipofika mwaka 2020, alikataa kufunga makanisa, misikiti na kazi, akaamuru siku tatu za maombi. Kuhimiza watu kumwomba Mungu si kosa, nasi tuliomba pamoja nao. Lakini mwanzo wa Mei, akiwa Chato, alisema kwamba sampuli za mbuzi na papai zilipelekwa kupimwa kwa majina ya watu, na nyingine zikaonekana zina ugonjwa. Toka wakati huo hesabu ya wagonjwa haikutangazwa tena. Tazama, mwalimu wa hesabu aliyejua kila kilomita ya barabara, mkemia aliyepata udaktari kwa kupima na kupima tena, aliiacha nchi bila hesabu. Kama mizani ina kasoro, mkemia huitengeneza au huleta nyingine, haachi kupima. Januari 2021 Baraza la Maaskofu Katoliki liliwaandikia waumini kwamba ugonjwa upo na wajihadhari. Wakati huo mapadre na masista wengi walikuwa wakizikwa.

Tarehe 17 Machi 2021 Makamu wa Rais, Samia Suluhu Hassan, alitangaza kwamba Rais amefariki kwa ugonjwa wa moyo. Maelfu walilia njiani jeneza lilipopita, wakatandika kanga na nguo zao barabarani. Machozi hayo hayakuwa ya uongo. Mnyonge alikuwa amesikia mtu mkubwa akilitaja jina lake. Alizikwa Chato tarehe 26 Machi.

Sasa tumejibu nini? Twaona kwamba mwalimu huyu alichukua vitu vitatu kutoka darasani. Alichukua daftari la mahudhurio, likawafaa watu wengi. Alichukua hesabu, ikajenga barabara na madaraja, mpaka alipoiweka chini siku ilipohitajiwa sana. Alichukua fimbo, nayo ikawapiga walio na kosa na wasio na kosa. Kitu cha nne alikiacha nyuma, nacho ni mkono wa mwanafunzi ulioinuliwa. Mwalimu asiyeuona mkono huo aweza kuwa na darasa lenye kimya, safi, lililofagiwa vizuri. Hajui ni nani aliyefahamu, wala hajui ni wapi yeye mwenyewe amekosea katika ubao.

Lakini tusimtupie mzigo wote mtu mmoja aliyekufa. Aliyajifunza hayo katika shule kama zetu. Katika shule ngapi za Biharamulo na Ngara mtoto aulizaye swali huambiwa akae? Ni mara ngapi tumempa sifa mwanafunzi kwa sababu ya kunyamaza? Watoto walioketi leo katika madawati yale ya mwaka 2016 watatawala siku moja, mmoja akiwa diwani, mwingine waziri, mwingine askofu. Watatawala kama walivyofundishwa. Basi mwalimu akiuona mkono umeinuliwa, amwite mwenye mkono huo, amsikilize mpaka mwisho, na kama mtoto amesema kweli, aukubali ukweli huo mbele ya darasa lote.